Habari Iko Kwenye Kipeo

Tarehe 1 Agosti 1946 serikali ya Hungaria ilizindua sarafu mpya, forinti, ili kuizika ile ya zamani iliyoitwa pengő. Mfumuko wa bei wa mwaka ule haujapata mwenzake mpaka leo, na kiwango cha kubadilishia fedha kilikuwa cha aina yake: forinti moja kwa pengő 400,000,000,000,000,000,000,000,000,000. Hiyo ni nne ikifuatwa na sifuri ishirini na tisa. Mwenye subira azihesabu. Asiye nayo ataniamini tu, na hilo ndilo linalonitia wasiwasi, kwa sababu ningeweza kuziiba sifuri tatu na karibu kila mtu angepita bila kushtuka, ilhali sifuri tatu ni tofauti ya mara elfu moja.

Kwa mtindo wa kisayansi kiwango hicho kinaandikwa 4 × 10²⁹. Kanuni yake haizidi sentensi moja: weka nukta baada ya tarakimu ya kwanza isiyo sifuri, kisha zidisha kwa kumi yenye kipeo kinachoonyesha nukta imeruka nafasi ngapi. Tunafundishwa hivyo sekondari, tunaulizwa kwenye mtihani, tunapata alama zetu mbili, na wengi wetu hatukutani nao tena mpaka siku kompyuta itakapotuharibia kazi ofisini. Nitafika huko.

Vitabu vya kiada husema mtindo huu upo ili kufupisha maandishi. Ni kweli, lakini wino si bidhaa adimu kiasi hicho. Faida yake kubwa ni kwamba unatenganisha maswali mawili ambayo namba ya kawaida huyakoroga pamoja: kitu hiki ni kikubwa kiasi gani, na aliyekipima anakijua kwa uhakika gani. Kipeo kinajibu la kwanza. Tarakimu za mbele zinajibu la pili.

Wahungaria wenyewe hawakuziandika sifuri zote. Waliunda milpengő, yaani pengő milioni moja, na baadaye b.-pengő, yaani pengő 10¹². Noti kubwa kuliko zote iliyofika mikononi mwa watu ilikuwa ya milioni mia moja za b.-pengő. Milioni mia moja ni 10⁸. Jumlisha 8 na 12, upate pengő 10²⁰. Benki kuu ilikuwa inafanya hesabu ya vipeo iliyovalishwa jina la fedha. Tunaweza kuiita sayansi, tunaweza pia kuiita funika kombe mwanaharamu apite.

Zimbabwe ilifuata njia nyingine. Januari 2009 ilitoa noti ya dola trilioni mia moja, sifuri zote kumi na nne zikiwa zimepangwa waziwazi kwenye karatasi. Ilikuwa tayari imekata sifuri 3 Agosti 2006 na sifuri 10 Agosti 2008. Februari 2009 ikakata 12 nyingine. Jumla 25. Dola moja iliyobaki mwisho ilikuwa sawa na dola 10²⁵ za mwanzo. Mwananchi aliyelazimika kufuatilia mabadiliko hayo kwa kuhesabu sifuri alihitaji macho mazuri. Kwa kuhesabu vipeo angehitaji vidole tu, na labda vya miguu pia. Leo noti ile inauzwa kwa watalii na wakusanyaji wa noti, na hulipiwa kwa dola za Kimarekani.

Turudi kwenye lile swali la uhakika, ambalo husahaulika zaidi. Mwaka 1856 idara ya upimaji wa India, wakati huo chini ya Waingereza, ilitangaza urefu wa mlima ambao baadaye ulipewa jina la Everest: futi 29,002. Inasimuliwa kwamba hesabu zilitoa futi 29,000 kamili, na mkuu wa idara, Andrew Waugh, akaogopa kuwa watu wataiona kama namba ya kukisia, basi akaongeza futi mbili. Iwe ilikuwa hivyo au chumvi imezidi, shida aliyokuwa nayo Waugh ni ya kweli. Namba 29,000 haisemi kama zile sifuri tatu zimepimwa au zimewekwa kujaza nafasi. Kwa mtindo wa kisayansi asingehitaji kudanganya. Mtu aliyekisia anaandika 2.9 × 10⁴. Mtu aliyepima mpaka futi ya mwisho akakuta sifuri anaandika 2.9000 × 10⁴. Mlima ni ule ule, urefu ni ule ule, lakini wa pili ameonyesha jasho lake.

Magazeti yetu yana ugonjwa wa Waugh, ila wao hawaongezi futi mbili. Wanabeba tarakimu zote walizopewa na kuzitembeza hata pale zisipohitajika. Sensa ya Tanzania ya Agosti 2022 ilitoa watu 61,741,120. Ya Kenya ya mwaka 2019 ilitoa 47,564,296. Waliohesabu nyumba kwa nyumba wana haki ya kutangaza mpaka mtu wa mwisho. Lakini mwandishi anayeandika hii leo kwamba “Tanzania ina watu 61,741,120” anatuarifu kuwa tangu usiku ule wa sensa hakuna aliyezaliwa na hakuna aliyezikwa. Mtu wa kijiweni husema “milioni sitini na kitu”, na kwa hilo amemzidi mwandishi: ametaja ukubwa, ametaja tarakimu anayoijua, akanyamaza.

Kuna namba moja ambayo safari yake inaonyesha jambo hili vizuri, na wanafunzi wa kemia wanaifahamu kwa shari: idadi ya chembe katika moli moja. Kwa miaka mingi maabara za dunia zilishindana kuipima, na kila kizazi kiliongeza tarakimu moja au mbili mbele. Zilizobaki nyuma zilikuwa sifuri za kushikilia nafasi, na hakuna aliyejua nini hasa kinatakiwa kukaa pale. Amedeo Avogadro, ambaye namba hiyo inabeba jina lake, alifariki mwaka ule ule wa 1856 bila kuijua. Jina lake lilitundikwa hapo mwaka 1909 na Mfaransa Jean Perrin. Kisha tarehe 20 Mei 2019 mfumo mpya wa vipimo vya kimataifa ukaanza kutumika, na namba ya Avogadro ikaacha kupimwa. Sasa ni 6.02214076 × 10²³ kwa azimio. Ukiiandika kwa kirefu ni 602,214,076,000,000,000,000,000, na zile sifuri kumi na tano za mwisho ambazo jana zilikuwa za kukisia zimekuwa sifuri halali. Hakuna chembe iliyoongezwa wala kupunguzwa.

Wazo la kupanga namba kubwa kwa ngazi za kumi ni la zamani kuliko alama tunazotumia. Katika karne ya tatu kabla ya Kristo, Archimedes wa Sirakusa alimwandikia mfalme Gelon waraka wa kuonyesha kwamba chembe za mchanga, hata zingejaza ulimwengu wote, zinaweza kuhesabika na idadi yake ikapewa jina. Wagiriki wa wakati wake waliandika namba kwa herufi, hawakuwa na sifuri ya kupanga nafasi, na jina lao la juu kabisa lilikuwa la elfu kumi. Archimedes akaizidisha elfu kumi kwa yenyewe, akapata 10⁸, akaifanya hiyo kuwa ngazi mpya, akapanda juu yake ngazi nyingine na nyingine.

Kipimo chake kilianzia chini kabisa. Alichukulia kwamba mbegu moja ya mpopi haibebi zaidi ya chembe 10,000 za mchanga, na kwamba mbegu arobaini zikipangwa mstari hazipungui upana wa kidole. Kutoka kidole akaenda kwenye kiwanja cha mbio, kutoka hapo kwenye dunia, kutoka dunia mpaka kwenye nyota. Kwa ukubwa wa ulimwengu alichagua makusudi nadharia ya Aristarchus, aliyesema dunia ndiyo inayolizunguka jua, kwa sababu nadharia hiyo ilihitaji ulimwengu mkubwa zaidi. Na ni kwa waraka huu hasa ndipo tunapoijua nadharia hiyo leo. Kila alipotilia shaka kipimo alikiongeza, ili asije mtu akamwambia amepunja. Jawabu lake, kwa alama zetu, ni kwamba chembe hazizidi 10⁶³. Ni waraka mrefu kumwandikia mfalme kuhusu mchanga.

Ninachokipenda katika hesabu ile ni kwamba haina tarakimu ya mbele hata moja ya kujivunia. Archimedes alikuwa anabishana kuhusu kipeo peke yake. Aliona pia kuwa namba za ngazi zake zikizidishwa, nafasi zake hujumlishwa, na hiyo ndiyo kanuni ile ile ya kujumlisha vipeo anayoandika mwalimu ubaoni asubuhi ya leo. Kilichokosekana kilikuwa alama. Ile namba ndogo iliyokaa juu kulia ilienea baada ya René Descartes kuitumia katika kitabu chake cha jiometri cha mwaka 1637, miaka elfu moja na mia nane na ushee baadaye.

Majina nayo yana matatizo yake. Juu ya milioni sisi wazungumzaji wa Kiswahili tunaazima, na hatukuazima duka moja. Dar es Salaam na Nairobi bilioni ni 10⁹. Lubumbashi, Bukavu na Bujumbura, ambako hesabu zilisomwa kwa Kifaransa, 10⁹ ni miliari, na bilioni kwa mpangilio wa Kifaransa ni 10¹², yaani ile tunayoiita sisi trilioni. Waingereza wenyewe walikuwa na bilioni ya 10¹² hadi mwaka 1974, serikali ya Harold Wilson ilipotangaza kuwa takwimu zake zitafuata ile ya Wamarekani. Ufaransa ilikuwa imeamua kinyume chake mwaka 1961. Kwa hiyo mkataba wenye neno bilioni ukivuka Ziwa Tanganyika kutoka Kigoma unaweza kushuka Kalemie ukiwa umenenepa mara elfu moja. Mkataba wenye 3 × 10⁹ hauna mahali pa kunenepea.

Tuchukue mfano wa nyumbani na tuufanyie kazi. Bajeti ya Tanzania ya mwaka 2024/25 ilikuwa shilingi trilioni 49.35. Kwa mtindo wetu ni 4.935 × 10¹³. Igawanye kwa watu wa sensa, 6.17 × 10⁷. Upande wa mbele, 4.935 gawanya kwa 6.17 ni kama 0.8. Upande wa vipeo, 13 toa 7 ni 6. Jibu ni 0.8 × 10⁶, au 8 × 10⁵: laki nane kwa kila kichwa, kichanga akiwemo. Hesabu hiyo inafanyika ndani ya daladala, bila kikokotoo, kabla kondakta hajafika kwenye siti yako.

Sasa ifanye upya kwa uvivu. Andika bajeti kuwa 5 × 10¹³ na watu kuwa 6 × 10⁷. Utapata laki nane na kidogo. Tarakimu zote ulizotupa hazikubadilisha jambo. Kisha ifanye mara ya tatu, safari hii kwa tarakimu kamili lakini kwa neno bilioni lililoteleza kwenye kibodi ya mwandishi badala ya trilioni. Kipeo kinashuka kutoka 13 hadi 10, na kila Mtanzania anaambulia shilingi mia nane kwa mwaka mzima, kwa barabara, shule, dawa na ulinzi wa mipaka. Msomaji anayefanya hesabu hii anajua gazeti limekosea kabla ya kumaliza aya. Asiyeifanya anasoma “49.35”, anaona nukta na tarakimu mbili za desimali, anaridhika kuwa kazi imefanywa kwa umakini.

Na kwa kuwa tuko hapo: Ziwa Victoria lina maji ya kama kilomita za ujazo 2,400, na kila kilomita ya ujazo ni lita 10¹². Hiyo ni lita 2.4 × 10¹⁵. Mtu akikuambia fedha za serikali ni nyingi kama maji ya ziwa, unaweza kumjibu kwa utulivu kuwa ameongeza chumvi mara hamsini hivi.

Mtindo huu una madhara pia, na mengi yanatokana na udhaifu wa ile namba ndogo ya juu. Kopi 6.02 × 10²³ kutoka kwenye kitabu cha kielektroniki, uibandike kwenye ujumbe wa simu, na mara nyingi ile 23 itateremka ikae sambamba na wenzake: 6.02 × 1023. Hiyo ni elfu sita na mia moja na kitu. Vipeo ishirini vimepotea njiani na simu haikutoa hata mlio. Nimeshaona maswali ya mazoezi yakisambazwa kwa wanafunzi yakiwa na hali hiyo, na majibu yake yakiwa yamekokotolewa sawasawa kutoka kwenye namba iliyokosewa.

Watengenezaji wa kompyuta walikutana na tatizo hilo mapema. Kadi za kutoboa za miaka ya 1950 zilikuwa na mstari mmoja na herufi kubwa, hazikuwa na mahali pa kuinua kitu juu. Lugha ya Fortran ya kampuni ya IBM ikatumia herufi E, na 6.02 × 10²³ ikawa 6.02E23. Ni ufumbuzi mzuri. Umedumu, ukaingia kwenye vikokotoo, ukaingia kwenye Excel, na huko ndiko ulikokutana na makarani wetu.

Excel isipoambiwa vinginevyo, namba yenye tarakimu 12 au zaidi huionyesha kwa mtindo wa E. Sasa hesabu: namba ya simu ya Tanzania ikianza na 255 ina tarakimu 12 kamili. Kumbukumbu namba ya malipo ya serikali ina tarakimu 12. Namba ya kitambulisho cha taifa, ile ya NIDA, ina 20. Karani anabandika orodha ya wateja mia tatu, anatazama skrini, na safu nzima inasema 2.55712E+11, 2.55754E+11, 2.55712E+11. Hapo namba bado zimo ndani. Ukibadilisha mpangilio wa seli zinarudi. Lakini faili hilo likihifadhiwa kwa muundo wa CSV, kama mifumo mingi ya kutuma ujumbe inavyodai, kinachoandikwa ni kile kinachoonekana. Likifunguliwa tena, wateja wote walioonekana kama 2.55712E+11 wanakuwa na namba moja, 255712000000, na ujumbe wa kuwakumbusha deni unakwenda kusikojulikana.

Kwa NIDA hali ni mbaya zaidi. Tarakimu 8 za mwanzo ni tarehe ya kuzaliwa, mwaka ukitangulia, kwa hiyo kila aliyezaliwa Machi 1990 anaonekana kwenye safu kama 1.99003E+19. Mwezi mzima wa watoto, mtu mmoja. Na safari hii kubadilisha mpangilio hakusaidii, kwa kuwa Excel hutunza tarakimu 15 tu za namba; kuanzia ya 16 huweka sifuri. Tarakimu tano za mwisho za NIDA zinakuwa zimefutwa papo hapo, mara tu zilipobandikwa.

Ni rahisi kuitukana programu, lakini ilifanya kile mtindo wa kisayansi unachotaka: ilitoa ukubwa na tarakimu chache za mbele, ikadondosha zilizobaki. Kosa ni kuipa kitu kisicho na ukubwa. Hakuna mtu mwenye NIDA kubwa kuliko ya mwenzake, wala huwezi kujumlisha namba mbili za simu ukapata ya tatu. Namba hizi ni majina yaliyoandikwa kwa tarakimu, na jina halikadiriwi. Wanaofundisha mada hii wangetenga nusu kipindi kwa tofauti hiyo, wakapunguza nusu kipindi kwenye kuandika 0.00045 kwa mtindo wa kisayansi.

Tusijione peke yetu. Mwaka 2004 watafiti wa elimu ya jeni walieleza jinsi utambulisho kama 2310009E13, kutoka mkusanyiko wa taasisi ya RIKEN ya Japani, ulivyogeuzwa na jedwali kuwa namba ya mtindo wa E, na jinsi majina mengine ya jeni yalivyogeuzwa kuwa tarehe. Mwaka 2020 kamati inayosimamia majina hayo iliamua kubadilisha baadhi yake; jeni iliyoitwa MARCH1 ikawa MARCHF1. Jeni ya binadamu ndiyo iliyokubali kuhama, programu ikabaki ilipo.

Kwa hiyo wewe unayeshughulika na orodha za watu: kabla ya kubandika namba za simu, za NIDA au za malipo, chagua safu nzima, weka mpangilio wake uwe wa maandishi, ndipo ubandike. Ukipokea faili lenye E+19 ndani yake, usihangaike kupanua safu ukidhani tarakimu zimejificha. Tano za mwisho hazimo. Mrudie aliyekutumia, umwombe orodha ya asili, na umwombe leo, kabla hajaifuta.